Kalamu za Katiba na Kitivo cha Mlimani

Nakala yangu ya Rasimu ya Pili ya Katiba ya Tanzania ni ya kopi. Niliitoa mwanzoni mwa mwaka 2014 kwenye kibanda cha steshenari, kurasa zikabanwa kwa pini mbili ambazo sasa zimeshika kutu na kuacha doa la rangi ya chai pembeni mwa ukurasa wa kwanza. Huwa naifungua kila ninaposikia watu wakihesabu wahitimu mashuhuri wa Sheria wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kwa sababu hesabu hiyo, kwa jinsi inavyofanywa, hunikera kidogo. Kinachohesabiwa ni vyeo: majaji wakuu kadhaa, wanasheria wakuu wa serikali, waziri mkuu, spika, naibu katibu mkuu wa Umoja wa Mataifa. Vyeo hivyo ni vya kweli, lakini ukimaliza kuvisoma hujui kitivo kile kilifanya kazi gani katika eneo hili la Afrika. Kwa maoni yangu, kazi yake kubwa ilikuwa kutoa watu wa kushika kalamu pale nchi zetu zilipotaka kuandika katiba upya, na ningependa wahitimu wake wapimwe kwa katiba hizo, zilizofika na zilizokwama.

Jambo hilo lina sababu yake. Kitivo cha Sheria kilikuwa ndicho kitivo cha kwanza na cha pekee wakati chuo kilipofunguliwa Oktoba 1961, katika jengo la TANU Mtaa wa Lumumba, kikiwa na wanafunzi wasiofika 15. Kilipohamia Mlimani, kampasi ya chuo nje ya katikati ya jiji, mwaka 1964, Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki, kilichounganisha vyuo vya Dar es Salaam, Makerere na Nairobi, kilikuwa kimekwisha kuundwa, na kwa kuwa Makerere haikuanza kufundisha sheria hadi mwaka 1968, na Nairobi hadi mwaka 1970, Mkenya au Mganda aliyetaka kusomea sheria katika chuo hicho alikuja Dar es Salaam. Vijana wa nchi tatu walilala katika mabweni yaleyale, wakabishana juu ya ujamaa na ukoloni mamboleo usiku, kisha asubuhi wakarudi kwenye sheria ya mikataba.

Tazama walikofika. Benjamin Odoki wa Uganda aliongoza tume iliyokusanya maoni na kuandaa rasimu iliyozaa Katiba ya Uganda ya mwaka 1995. Baadaye akawa Jaji Mkuu, na mwaka 2005 akashuhudia Bunge likiondoa ukomo wa vipindi vya urais uliokuwamo katika Katiba hiyo. Amos Wako alikuwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali ya Kenya kwa miaka 20, na jina lake likabaki kwenye "Rasimu ya Wako", ile ambayo Wakenya waliikataa katika kura ya maoni ya Novemba 2005. Willy Mutunga, aliyewahi kuwekwa kizuizini enzi za Moi, akawa Jaji Mkuu wa kwanza kuteuliwa chini ya Katiba ya Kenya ya mwaka 2010. (Wapo wanaomkumbuka zaidi kwa kipini cha sikioni, ambacho kilijadiliwa kwa bidii ya ajabu wakati anahojiwa.)

Hata hivyo, mahali ambapo kitivo hiki kilionekana chote kwa mara moja ni Dodoma, mwaka 2014. Tarehe 18 Machi, Jaji Joseph Warioba, mwenyekiti wa Tume ya Mabadiliko ya Katiba, alisimama mbele ya Bunge Maalumu la kutunga katiba mpya kuwasilisha Rasimu ya Pili, iliyopendekeza serikali tatu: ya Muungano, ya Tanganyika na ya Zanzibar. Niliitazama hotuba hiyo kwa fundi wa redio, tukiwa tumesimama nyuma ya meza iliyojaa nyaya, na hakuna aliyeondoka. Alisoma bila kupandisha sauti. Alieleza kwamba miongoni mwa waliozungumzia muundo wa Muungano, asilimia 61 ya waliotoa maoni Tanzania Bara walitaka serikali tatu, na asilimia 60 ya wale wa Zanzibar walitaka Muungano wa mkataba, yaani wa nchi mbili zinazoungana kwa makubaliano. Kisha akaendelea na hoja inayofuata kana kwamba hajatupa jiwe kwenye maji yaliyotulia.

Sasa hesabu waliokuwa wamemzunguka. Warioba mwenyewe ni zao la kitivo hicho katika miaka ya 1960, na ndiye aliyekuwa Waziri wa Sheria mwaka 1984, haki za binadamu zilipoingizwa katika Katiba huku mahakama zikizuiwa kuzitumia hadi Machi 1988. Makamu wake katika Tume, Jaji Augustino Ramadhani, alihitimu hapohapo. Profesa Palamagamba Kabudi, mjumbe wa Tume na mmoja wa waliokuwa wakiifafanua rasimu kwa ufasaha kuliko wote, alisoma na kufundisha hapo. Kwenye kiti cha mwenyekiti wa Bunge Maalumu alikaa Samuel Sitta, mhitimu wa kitivo hicho aliyekuwa mmoja wa mamia ya wanafunzi waliofukuzwa mwaka 1966 kwa kuandamana kupinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa. Kamati ya Uandishi iliongozwa na Andrew Chenge. Waziri wa Katiba na Sheria alikuwa Asha-Rose Migiro. Upande wa upinzani, Tundu Lissu alikuwa akinukuu ibara kutoka kichwani. Nje ya ukumbi, Profesa Issa Shivji alikuwa akiikosoa rasimu kwa hoja zake mwenyewe ambazo hazikufanana na za chama chochote.

Wote hao walifundishwa kusoma sheria kwa kuuliza inamlinda nani. Wakasoma waraka mmoja na kuona mambo tofauti kabisa. Wapo wanaosema huo ni ushahidi kwamba elimu ile haikuwa na msimamo. Mimi siafiki, kwa kuwa shule inayotoa mawakili wa upande mmoja tu ni chuo cha itikadi cha chama. Ninacholalamikia ni kingine: wanasheria waliojua fika tofauti kati ya kurekebisha rasimu na kuigeuza walikubali igeuzwe. Aprili wajumbe wa UKAWA, umoja wa vyama vya upinzani, wakatoka nje, na tarehe 2 Oktoba Katiba Inayopendekezwa ikapitishwa bila wao, ikiwa na serikali mbili, ya Muungano na ya Zanzibar, badala ya tatu za rasimu.

Mwezi mmoja baadaye, tarehe 2 Novemba, Warioba alikuwa Ubungo Plaza katika mdahalo ulioandaliwa na Taasisi ya Mwalimu Nyerere. Mabango yakainuliwa, kelele zikazidi, viti vikarushwa, na mzee aliyewahi kuwa Waziri Mkuu na jaji wa mahakama ya kimataifa ya sheria ya bahari akalazimika kutolewa ukumbini chini ya ulinzi. Katika orodha za wahitimu mashuhuri sijawahi kuona tukio hilo likitajwa, ilhali kwangu linamweleza kuliko uwaziri mkuu: cheo hakikuwapo tena cha kumlinda, na hoja yake aliishikilia.

Ningeongeza pia jina la Julie Manning, aliyekuwa Waziri wa Sheria mwaka 1975, wakati ambapo wanawake katika baraza la mawaziri walihesabika kwa vidole viwili, na ambaye leo wanafunzi wengi wa sheria hawamjui kabisa.

Kura ya maoni iliyopangwa kufanyika tarehe 30 Aprili 2015 iliahirishwa. Sitta alifariki mwaka 2016 na Ramadhani mwaka 2020. Kabudi alipewa Wizara ya Katiba na Sheria mwaka 2017, na mchakato ukabaki palepale ulipokuwa. Mahakamani bado inasomwa Katiba ya mwaka 1977 pamoja na marekebisho yake, na ile ya kopi ipo kwangu, juu ya kabati, na pini zake mbili.