Elfu ishirini kwa swali moja

Mvua ya masika Dar haibishi hodi. Jioni hiyo nilikuwa Barabara ya Mandela, saa moja usiku, nimebanwa katikati ya lori la kontena na daladala iliyojaa mpaka mlangoni. Nikasukuma kijiti cha waipa, mwendo wa kawaida. Kimya. Nikasukuma hadi mwisho, waipa zikaruka kama zimeshtuliwa usingizini, zikaanza kupiga kioo kwa kasi yote. Nikarudisha mwendo wa kawaida, zikasimama wima katikati ya kioo, mbele ya macho yangu. Nikazima kabisa, na hapo, polepole, zikajilaza zenyewe chini.

Kumbuka hilo la kujilaza. Mimi sikulitilia maanani, na likanigharimu zaidi ya laki moja.

Nilifika Temeke waipa zikikimbia mbio njia nzima, hata mvua ilipobaki manyunyu na mpira unalia juu ya kioo. Kesho yake nikapeleka gari gereji niliyozoea. Fundi akawasha, akaona waipa zimegoma katikati ya kioo, akatikisa kichwa kama daktari aliyeona picha mbaya. "Dada, mota imechoka." Hakupima kitu. Akapiga simu, mota ya mtumba ikaja na bodaboda ndani ya saa moja: elfu tisini, na ufundi elfu ishirini. Akafungua, akafunga, na ile ya zamani akaisogeza kwa mguu chini ya benchi. "Hii niachie tu dada, chuma chakavu hicho." Nikamwachia.

Tukawasha. Mwendo wa kawaida, kimya. Mwendo wa kasi, mbio.

Fundi akajikuna. Akasema basi itakuwa waya umekatikia ndani, tusihangaike, anifungie swichi ya pembeni kwenye dashibodi, ya kubonyeza tu kama ya taa za ndani ya nyumba. Hapo nikakataa, na nawasihi nanyi mkatae, hata kama fundi ni shemeji yako. Waipa za kiwandani zina akili ndogo ya kujua pa kupumzika, na ukizipa umeme wa moja kwa moja umeinyang'anya akili hiyo: zitasimama popote utakapozima, mara nyingi katikati ya kioo, usawa wa macho. Tena waya wenyewe wa kubandika mara nyingi hauna fyuzi inayoufaa, na mota ikikwama siku moja, utanusa plastiki inaungua chini ya dashibodi kabla hujajua linaloendelea.

Siku ya tatu jirani yangu akanielekeza kwa kijana mmoja anayefanya umeme wa magari chini ya mwembe, karibu na kituo cha daladala. Hana gereji. Ana meza, betri moja kuukuu, na sanduku la bisibisi. Kabla hajagusa gari akasema kupima ni elfu ishirini, nikitengeneza kwake au nisitengeneze. Wateja wawili waliokuwa wamekaa kwenye benchi wakacheka. Mmoja akasema, "Yaani unalipa hela kwa kuangaliwa?" Kijana hakujibu. Inaonekana ameshauzoea mzaha huo.

Nikakubali, kwa uchovu zaidi kuliko kwa busara. Akakaa kiti cha dereva akauliza, "Ukizima, zinarudi chini zenyewe?"

"Zinarudi."

"Kwa mbio au polepole?"

"Polepole."

"Basi mota ni nzima, dada. Hata ile ya kwanza ilikuwa nzima."

Nilitaka kumkasirikia, ila nilitaka pia kuelewa. Akanieleza huku akichora kwa kijiti mchangani. Mota ya kawaida ya waipa ina brashi tatu, vipande vya kaboni vinavyopitisha umeme kwenda sehemu inayozunguka: moja ya kurudisha umeme, moja ya mwendo wa chini, moja ya mwendo wa kasi. Ndani yake kuna kisahani kinachozunguka na kugusa kontakti, yaani vipande vya chuma vinavyopitisha umeme vikigusana. Ukizima waipa zikiwa juu, umeme haukatiki papo hapo. Unaendelea kupita kwenye kisahani hicho, unarudi kwenye swichi, kisha unaingia kwenye brashi ile ile ya mwendo wa chini mpaka waipa zifike mahali pake. Kwa hiyo waipa zinazojilaza polepole zinakuambia kwamba brashi ya mwendo wa chini inafanya kazi. Kama inafanya kazi wakati wa kuzima lakini haifanyi kazi ukiiamuru kwa kijiti, basi anayekataa ni kijiti.

Swali moja lile lilikuwa limemaliza kazi, bila kufungua hata skrubu. Lakini hakutaka niamini maneno matupu. Akafungua kava la plastiki chini ya usukani, skrubu tatu za nyota, akachomoa soketi ya swichi ya waipa kidogo, kiasi cha pini kuonekana bila umeme kukatika. Akatoa taa yake ya kupimia, ambayo ni balbu ya indiketa iliyounganishwa waya mbili, mwisho wa waya mmoja pini ya kushonea. Waya mmoja kwenye bodi, mwingine kwenye pini za soketi, swichi ya ufunguo wa gari ikiwa imewashwa. Pini ya umeme unaoingia: balbu inawaka. Pini ya mwendo wa kasi, kijiti kikiwa kwenye kasi: inawaka. Pini ya mwendo wa chini, kijiti kikiwa mwendo wa chini: giza. Kisha akachukua kipande cha waya akaunganisha pini ya umeme unaoingia na ile ya mwendo wa chini, kwa sekunde chache tu. Waipa zikainuka, zikashuka, kwa utulivu kabisa, kama hazijawahi kuugua.

Dakika kumi na tano, pamoja na somo la mchangani.

Sasa ndipo ninapotaka kusema langu. Tunawalalamikia mafundi kwamba wanabahatisha, wanabadilisha spea hadi wapate bahati, na hela zote ni zetu. Malalamiko ni ya haki. Lakini nani aliwafundisha hivyo? Fundi anayekaa nusu saa na taa ya kupimia akagundua ni kontakti chafu, akaisafisha, akaifunga, utampa shilingi ngapi? Wengi wetu tunampa elfu tano na kumwambia "si umesafisha tu." Yule anayekuletea mota ya elfu tisini na kujiongezea cha juu, tunampa bila maneno, kwa kuwa tumeona kitu kinashikika. Tunalipia chuma, hatulipii akili. Fundi naye ana watoto, anajua hesabu. Ameona kupima hakumlishi, ameona spea inamlisha, akachagua.

Na si sisi tu. Mmarekani Robert Kearns aliomba hataza, yaani haki ya mvumbuzi, mwaka 1964 ya waipa zinazopiga na kupumzika, ile INT iliyopo kwenye vijiti vyetu leo. Kampuni za magari zikaanza kuuza kitu cha namna hiyo bila kumlipa, naye akaenda mahakamani. Hoja mojawapo waliyomrushia ni kwamba vifaa alivyotumia ni vya kawaida, vya kununuliwa dukani, hakuna kipya. Yeye akashikilia kwamba upya uko kwenye jinsi alivyovipanga. Mwaka 1990 Ford walikubali kumlipa zaidi ya dola milioni 10. Nilipoisoma habari hiyo nilimwona kijana wa mwembeni na balbu yake ya indiketa.

Kabla sijaendelea, wengine mtakuwa na tatizo tofauti na langu, kwa hiyo msikimbilie kununua swichi kwa sababu mimi nimenunua. Kama waipa zimekufa kote kote, anza na fyuzi. Kwenye magari mengi madogo huwa ya ampea kati ya 20 na 30, na ikiungua usiweke kubwa zaidi, tafuta kwa nini imeungua. Kama unasikia mota inanguruma lakini waipa haziendi, au moja inakwenda na mwenzake amelala, tatizo ni la chuma: nati chini ya mkono wa waipa imelegea au fito za kuunganisha zimechomoka. Kama zinafanya kazi vizuri lakini kila ukizima zinabaki zilipo, hapo kweli shuku kile kisahani ndani ya mota. Na kama mwendo wa kasi ndio uliokufa na wa chini upo, inaweza kuwa swichi, inaweza kuwa brashi ya tatu, na hapo hakuna swali la kukusaidia. Leta taa ya kupimia.

Kijana alitoa swichi. Kwanza alifungua betri upande wa hasi tukangoja dakika kadhaa, kwa sababu ya airbag iliyo kwenye usukani. Hapa alikuwa mkali kuliko nilivyotarajia: soketi za njano zinazopita shingoni mwa usukani hakuzigusa na akanionya nisije nikamruhusu mtu azichezee kwa taa ya kupimia. Kwenye gari langu swichi ya waipa inakaa upande wa kushoto, kama magari mengi yanayotoka Japani, na inatoka peke yake ukibonyeza kilimi cha plastiki na kuivuta pembeni, usukani haukung'olewa. Yapo magari mengine lazima usukani utoke, na hayo mwachie mwenye uzoefu.

Aliipasua ile swichi mbele yangu. Grisi ya ndani ilikuwa imekauka ikawa kama ubani, nyeusi, na kipande cha shaba cha mwendo wa chini kimeliwa, kina kishimo chenye ukingo wa bluu wa kitu kilichoungua. Alisema ingekuwa uchafu tu, angesafisha kwa dawa ya kontakti na msasa laini, ingekaa miaka. Ila shaba ikishaliwa hivyo, kusafisha ni kujidanganya kwa mwezi mmoja. Akaniuliza pia ile INT ilikufa lini. Nikakumbuka ilikuwa imekufa tangu mwaka juzi, nami sikuwahi kujali, mvua zetu ni za kumwaga, nani anahitaji waipa za kupumzika? Kumbe swichi ilikuwa ikiniaga muda wote huo.

Nikaenda Ilala kutafuta ya mtumba, na ile ya zamani mkononi. Nenda nayo yako, tafadhali, usiende na picha ya simu. Swichi mbili zinaweza kufanana kama pacha huku soketi moja ina pini za ziada kwa ajili ya waipa ya nyuma, na muuzaji atakuapia kwamba "inaingia tu hiyo." Nilizichezea nne. Ya kwanza kijiti kilikuwa kinalegea kama jino la mtoto. Ya pili pini zake zilikuwa na weusi. Ya tatu plastiki imeyeyuka kidogo ubavuni. Ya nne kila hatua ilikuwa inalia "tak" safi, elfu thelathini na tano, nikachukua. Mpya za kopi zipo, tena bei inakaribiana, lakini kwa swichi mimi naamini zaidi kitu cha asili kilichotumika kuliko kipya nisichojua shaba yake ina unene gani. Hapo mtabishana nami, sawa.

Kufunga kulichukua dakika tano. Kilichochukua muda ni kile ambacho fundi wa kwanza asingekigusa kamwe: kijana aliuliza kwa nini shaba imeliwa. Swichi hailiwi bila sababu. Umeme wote wa mota ya gari langu unapita humo, na mota ikilemewa inavuta umeme mwingi zaidi, kontakti zinapata joto. Akainua kava chini ya kioo cha mbele, akatia grisi kwenye viungo vilivyokuwa vikikwaruza. Kisha akanitazama. "Huwa unawasha waipa kioo kikiwa na vumbi, bila maji?"

Huwa. Kila asubuhi ya kiangazi. Tangi la maji ya kioo sijalijaza tangu nilipolinunua gari, nikiwategemea wale vijana wa kwenye mataa wenye chupa ya sabuni. Mipira yenyewe ilikuwa imekakamaa kama kandambili iliyoachwa juani. Akaniuzia mipya, na hiyo spea nililipa bila kubisha hata shilingi.

Jumla kwa kijana na Ilala ilikuwa chini ya laki moja, mipira ikiwemo. Jumla kwa fundi wa kwanza ilikuwa laki moja na kumi, bila faida yoyote. Wale wawili wa kwenye benchi walikuwa bado wapo wakati naondoka. Mmoja akaanza kumuuliza kijana kuhusu redieta yake, halafu akauliza kama hiyo elfu ishirini inapungua.

Wiki iliyofuata nilipita gereji ya mwanzo kuulizia mota yangu ya zamani, niiweke kama akiba. Chini ya benchi hapakuwa na kitu. Fundi akasema chuma chakavu kilishabebwa. Kwa hiyo kama umefungiwa mota ya waipa ya mtumba Temeke mwezi ule wa masika, na umeambiwa imetoka Japani juzi tu, usiwe na wasiwasi nayo. Naijua. Ni nzima kabisa.