Gemu kwenye michezo ya medali: mwenye mchezo ni nani?

Swali la kama gemu, yaani michezo ya video ya kwenye kompyuta, simu na mashine kama PlayStation, zinastahili medali lilipata uzito mpya mwaka 2023, pale jiji la Hangzhou, China, lilipoandaa Michezo ya Asia iliyokuwa imeahirishwa kutoka mwaka uliotangulia. Katika michezo hiyo gemu saba zilishindaniwa rasmi, na medali zake zikaingia kwenye jedwali la nchi pamoja na zile za riadha, kuogelea na judo. Miaka mitano kabla ya hapo, mjini Jakarta, gemu zilikuwa za maonyesho tu na medali zake hazikuhesabiwa. Badiliko hilo linaweza kuonekana la kiutaratibu, lakini kinachoingia kwenye jedwali la medali ndicho serikali hukitengea fedha, shule hukifundisha na wazazi hukikubali kuwa si kupoteza muda.

Nafundisha michezo katika shule ya sekondari hapa Tabora, mkoa ambao umewahi kuwa mwenyeji wa mashindano ya kitaifa ya UMITASHUMTA kwa shule za msingi na UMISSETA kwa sekondari, na kila msimu wa kuchagua timu nasikia swali hilo kutoka kwa wanafunzi wenyewe. Kijana aliyekosa nafasi kwenye timu ya mpira wa miguu, lakini ambaye kwenye kibanda cha gemu cha Isevya hakuna anayemtoa kwenye pedi ya kuchezea, huuliza kwa nini kipaji chake hakina mahali. Kumjibu arudi darasani akasome ni kumkwepa, na ndiyo maana naona tunapaswa kuzipima hoja za pande zote mbili kwa makini kuliko tulivyozoea.

Hoja inayotangulizwa na wapinzani wa gemu ni ya jasho: kwamba mtu aliyekaa kwenye kiti akibonyeza vitufe hawezi kuitwa mwanamichezo. Kwa maoni yangu, hiyo ndiyo hoja dhaifu kuliko zote. Kulenga shabaha kwa bastola ya upepo ni mchezo wa Olimpiki usiohitaji hata hatua moja, na katika Michezo ya Paris ya 2024 dunia ilimshangilia Mturuki Yusuf Dikeç, mwenye umri wa miaka 51, akitwaa medali ya fedha ya timu mchanganyiko huku mkono mmoja ukiwa mfukoni. Sataranji nayo ilishindaniwa kwenye Michezo ya Asia ya Doha mwaka 2006. Tukikubali utulivu wa mkono na wepesi wa akili katika michezo hiyo, hatuna sababu ya kuvikataa kwa Kim Gwan-woo wa Korea Kusini, aliyeshinda dhahabu ya Street Fighter V, gemu ya mapigano, huko Hangzhou akiwa na umri wa miaka 44 baada ya miaka mingi ya mazoezi. Nchi yake haikuwa na shaka juu ya thamani ya medali hizo, kwani timu yao iliyoshinda gemu ya League of Legends, ambayo Lee Sang-hyeok, maarufu kwa jina la Faker, alikuwa miongoni mwao, ilipata msamaha wa utumishi wa kijeshi ambao sheria ya Korea huutoa kwa mshindi wa dhahabu ya Michezo ya Asia.

Hoja ya pili ni ya ukatili. Thomas Bach, alipokuwa rais wa Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, alisema mara kadhaa kwamba gemu za kuuana haziendani na maadili ya Olimpiki, na waandaaji wa Hangzhou walilizingatia jambo hilo kwa kutumia toleo maalumu la PUBG Mobile ambalo wachezaji walilenga shabaha badala ya kupigana risasi wenyewe kwa wenyewe. Nalikubali sharti hilo kwa ajili ya watoto, ingawa ni lazima pia tukumbuke kwamba ngumi za ulingoni hutua kwenye vichwa vya watu halisi na bado tunazishangilia.

Kinachonifanya nisite ni jambo jingine kabisa, ambalo katika mijadala mingi hupitwa haraka: gemu ina mmiliki. Mbio za mita 1500 si mali ya mtu. Mtanzania Filbert Bayi alizikimbia Christchurch mwaka 1974 kwa dakika 3 na sekunde 32.16, rekodi ya dunia ya wakati ule, na muda huo ulibaki kuwa rekodi ya Michezo ya Jumuiya ya Madola hadi Birmingham mwaka 2022. Vijana wa Birmingham waliweza kupimana na Bayi kwa sababu mita zilikuwa zilezile na sekunde zilikuwa zilezile, na katika miaka yote 48 hakuna kampuni iliyoweza kusema kwamba mbio hizo zimefungwa kuanzia mwezi ujao.

Sasa tuangalie gemu za Hangzhou. Orodha ya kwanza ilikuwa na gemu nane, ikiwamo Hearthstone, gemu ya karata. Januari 2023 mkataba kati ya kampuni ya Marekani inayoitengeneza, Blizzard, na mshirika wake wa China, NetEase, ulifika mwisho, huduma zikasimamishwa nchini China, na Hearthstone ikaondolewa kwenye mashindano. Wachezaji waliokuwa wakijiandaa hawakushindwa na mtu yeyote, wala hawakuvunja kanuni. Kampuni mbili hazikuelewana, na medali ikatoweka. Gemu ya mpira wa miguu iliyotangazwa kwa jina la FIFA Online 4 ilibadilishwa jina mwaka huohuo, kwa kuwa Electronic Arts, kampuni inayoitengeneza, na FIFA walikuwa wameachana. Hata dhahabu ya Kim ilipatikana kwenye toleo la tano la Street Fighter ilhali toleo la sita lilikuwa limeshaingia sokoni tangu Juni. Kuijengea gemu ya kampuni programu ya taifa, yenye makocha, posho na kambi, ni kupanda miembe kwenye kiwanja cha kupanga: matunda yanaweza kuja, lakini mwenye kiwanja ndiye anayeamua kama utakuwepo siku ya kuyachuma.

Watetezi wa gemu wana jibu, nalo si la kupuuzwa. Husema kwamba hata michezo ya kawaida ina wenyewe, yaani mashirikisho, na kwamba mashirikisho hayo hugombana, huiba kura na kuwaumiza wachezaji pengine kuliko kampuni. Ni kweli, na mfano wa ngumi upo wazi, kwani Juni 2023 Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki ililifutia utambuzi shirikisho la IBA baada ya migogoro ya miaka mingi kuhusu fedha, uongozi na uamuzi wa mapambano. Hata hivyo mfano huo, ukitazamwa hadi mwisho, unaipa nguvu hoja yangu. Ngumi zilichezwa Paris mwaka 2024 bila IBA, na mwaka 2025 shirikisho jipya likatambuliwa. Shirikisho lilianguka na mchezo ukabaki, kwa kuwa ulingo na glavu havikuwa mali yake. Kampuni yenye gemu ikianguka, au ikiona tu kwamba faida imepungua, huzima seva, yaani kompyuta zinazoendesha gemu mtandaoni, na mchezo wote huondoka nayo.

Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki yenyewe imekuwa ikitafuta njia ya katikati. Mwaka 2021 iliandaa mashindano ya mtandaoni ya michezo kama baiskeli, kupiga makasia na matanga, na Juni 2023 ikaandaa wiki ya gemu mjini Singapore, ambako wachezaji wa taekwondo walivaa vifaa vya kunasa mwendo wa mwili na kurusha mateke halisi yaliyoonekana kwenye skrini, wanawake na wanaume wakishindana pamoja kwa kuwa hakuna anayemgusa mwenzake. Mwaka 2024 ikatangaza ushirikiano wa miaka 12 na Saudi Arabia kuandaa Olimpiki ya gemu inayojitegemea, lakini Oktoba 2025, Kirsty Coventry wa Zimbabwe akiwa ameshashika urais, pande hizo mbili zilikubaliana kuuvunja mpango huo. Katika yote hayo, jaribio la taekwondo ndilo linalonivutia zaidi, kwa sababu mwili unafanya kazi, kanuni ziko mikononi mwa shirikisho, na programu ya kompyuta inabaki kuwa kifaa tu ambacho kinaweza kubadilishwa bila mchezo kufa.

Kwa upande wa gharama, hoja zinanivuta huku na huku. Mara nyingi husemwa kwamba gemu ni za watoto wa matajiri, lakini Olimpiki tayari ina michezo ya farasi na mashua, na mwanafunzi wa Sikonge au Urambo yuko mbali zaidi na farasi wa mashindano kuliko alivyo mbali na PlayStation. Mashine moja ya kibanda huhudumia mtaa mzima kwa zamu, anayefungwa anaachia pedi, na kipaji hujionyesha upesi. Kwa hesabu hiyo gemu zingeweza kufungua mlango ambao bwawa la mita 50 halijaufungua. Tatizo huanza pale mashindano yanapohamia mtandaoni. Kila kitufe kinachobonyezwa Tabora au Kigoma husafiri kama ishara hadi kwenye seva iliyo nje ya nchi na kurudi, na katika mchezo unaoamuliwa kwa sehemu ndogo ya sekunde, umbali huo ni adhabu ambayo mazoezi hayawezi kuifuta. Ongeza bando linalokatika katikati ya mechi, ongeza umeme, ambao ndugu zetu wa Kigoma waliupata kwa majenereta ya dizeli kwa miaka mingi kabla ya kufikiwa na gridi ya taifa, na utaona kwamba kijana wetu anaanza akiwa nyuma. Alphonce Simbu, mzaliwa wa Singida, mkoa jirani yetu, alipotwaa ubingwa wa dunia wa marathoni mjini Tokyo Septemba 2025 kwa tofauti ya sekunde 0.03, barabara aliyoikimbia ilikuwa ileile waliyoikimbia wenzake wote.

Zaidi ya hayo, nafasi za Olimpiki zina kikomo. Paris ilikuwa na ukomo wa wanamichezo wapatao 10,500, kwa hiyo kila mchezo unaoingizwa hubana mwingine. Netiboli, ambayo wasichana wa shule zetu huicheza kuanzia msingi na ambayo imekuwa kwenye Michezo ya Jumuiya ya Madola tangu 1998, ilitambuliwa na Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki mwaka 1995 na bado haijachezwa kwenye Olimpiki hata mara moja. Los Angeles 2028 imeongeza kriketi, skwoshi, lakrosi, besiboli na mpira wa bendera, aina ya mpira wa Kimarekani usio na kuangushana, lakini netiboli haimo. Inaniuma kusikia gemu zikitajwa kuwa njia ya Olimpiki kuwafikia vijana wa Afrika wakati mchezo ambao wasichana wa Afrika tayari wanao umeachwa nje. Vibanda vya gemu hapa mjini ni vya wavulana karibu wote, na medali za gemu zikija leo zitawakuta wasichana wetu hawajawahi hata kushika pedi.

Kuhusu afya sitasema mengi. Shirika la Afya Duniani linautambua uraibu wa gemu kuwa ugonjwa, na China, iliyotoa medali za gemu Hangzhou, ndiyo iliyowawekea watoto wake mwaka 2021 ukomo wa saa moja tu siku za Ijumaa, Jumamosi, Jumapili na sikukuu. Nchi inaweza kuthamini mchezo na wakati huohuo kuuwekea mipaka.

Kwa hiyo sikubali kwamba gemu za kampuni ziingie kwenye jedwali la medali za Olimpiki, na sikubali pia kwamba zifukuzwe kabisa. Birmingham mwaka 2022 mashindano ya gemu ya Jumuiya ya Madola yalifanyika pembeni ya michezo yenyewe, yakiwa na medali zake, na mpangilio huo naona unafaa. Kwa UMISSETA ningekubali gemu moja ya mpira wa miguu iwe ya maonyesho, kwa masharti ya kuchezwa bila mtandao, kwenye mashine zinazofanana zilizoletwa na waandaaji, kwa toleo lililotangazwa mwaka mzima kabla, na kila mkoa ulete wasichana na wavulana kwa idadi sawa. Mkoa usioweza kutimiza sharti hilo la mwisho usishiriki, hata kama ni wetu.