ECL haitaki madesa

Msimu wa kozi za Marekani ukikaribia, simu za maafisa vijana wa jeshi hujaa madesa, yaani mafaili ya maswali na majibu ya ECL, mtihani wa Kiingereza anaopimwa nao mwanajeshi wa kigeni kabla ya kwenda kusoma kule. Yanatumwa usiku, alfajiri yameshakaririwa. Nayapinga, na si kwa sababu tu ni karatasi za siri za jeshi la Marekani zisizotakiwa kuzagaa.

ECL ni maswali 100 ya kuchagua jibu. Mengine unasoma, mengine unasikiliza, na hayo ya kusikiliza ndiyo yanayowaumbua watu. Sauti inapita mara moja tu, kwa lafudhi ya Kimarekani, maneno yamemezana, kisha jibu linatakiwa. Afisa wa Goma au Bujumbura aliyesomeshwa kwa Kifaransa mara nyingi Kiingereza cha kusoma hakimsumbui sana, maana maneno mengi ya kitabuni yanafanana na ya Kifaransa, anayafahamu sura. Tatizo lake ni sikio. Halafu mtu huyohuyo anakesha akikariri kwamba swali fulani jibu lake ni C!

Ningekuwa namwandaa mimi, madesa ningeyafungia kabatini. Achukue taarifa ya habari ya redio ya Kimarekani, asikilize sentensi moja, asimamishe, aandike alichosikia, arudie. Inachosha, najua. Kisha aingie kwenye vitabu vya American Language Course. Viko 34, vinatoka chuo cha lugha cha jeshi la Marekani kilichopo Lackland, San Antonio, Texas, na mtihani umefungamana na mtaala huo.

Azungumze pia, japo ECL haimpimi mtu kuzungumza wala kuandika. Kozi nyingi hutaka alama 70 au 80, nyingine zaidi. Aliyepungukiwa anaweza kuanzia Lackland kwenye lugha kwanza, jambo ambalo wengine huliona aibu. Mimi sioni aibu yoyote. Aibu ni kufika uwanja wa shabaha na alama za kukariri, mkufunzi anatoa amri ya kusitisha moto, wewe unamtazama jirani yako anafanya nini.

Wakuu wa vikosi nao wana sehemu yao. Afisa anayeambiwa leo kwamba mtihani ni wiki ijayo, ataacha vipi kutafuta madesa? Mpeni miezi, na mpunguzieni zamu za usiku.