Bamvu Likifika Kiwanjani

Hukumu ya Mahakama ya Juu ya Kenya ya tarehe 21 Aprili 2023, katika kesi ya kampuni ya Dina Management dhidi ya Kaunti ya Mombasa, ilizungumzwa mjini kama habari ya ufuo. Kaunti ilibomoa ukuta Nyali mwaka 2017 ili watu wapate njia ya kwenda baharini. Kampuni ikaenda kortini na hati mkononi. Majaji wakairudia hati ile hadi chanzo chake, mgao wa mwaka 1989 kwa Rais Daniel arap Moi, wakaona mahali penyewe palikuwa uwanja wa wazi wa umma na mgao haukufuata utaratibu. Hati zote zilizozaliwa hapo zikaanguka, hata ya mnunuzi wa nia njema.

Kwa maoni yangu hukumu hiyo itauma zaidi mbali na Nyali: Tudor, Mikindani, Jomvu, Port Reitz, kote ambako mipaka ya viwanja inaweza kuteremka hadi mikokoni, na mwenye hati akagongana na wanaoihifadhi mikoko.

Upande wa hifadhi una hoja nzito kuliko wengi wanavyodhani. Mikoko ya pwani ilitangazwa msitu wa serikali mwaka 1932, na tangazo likarudiwa 1964. Katiba ya 2010, ibara ya 62, inaihesabu ardhi iliyo kati ya maji kujaa na maji kupwa kuwa ya umma. Kwa hiyo anayeambiwa kiwanja chake cha mikokoni ni hifadhi hanyang'anywi kitu, aliuziwa kisichouzika. Hata ibara ya 40, ngao ya kila mwenye mali, inasema wazi kwamba haiikingi mali iliyopatikana kinyume cha sheria.

Ugumu uko katika kujua maji yanaishia wapi. Wakati wa bamvu, maji makubwa ya mwezi mwandamo na mwezi mpevu, bahari ya Mombasa hupanda na kushuka karibu mita 4. Maji mafu, yale madogo ya katikati, hayafiki nusu ya hapo. Na mchu, mti mmojawapo wa mikokoni, tofauti na mkoko wenyewe, huota hadi upande wa bara kabisa, penye udongo wa chumvi unaofikiwa na maji siku chache tu za mwezi. Dalali anamleta mteja siku ya maji mafu, ardhi imekauka na kupasuka, miti michache imesimama, anaambiwa hili ni shamba. Wiki ijayo maji yamo vifundoni.

Mwenye hati naye ana lake. Ramani ilipitishwa na idara ya upimaji, ofisi ya ardhi ikapiga muhuri, kaunti ikapokea reti, kodi ya ardhi, mwaka baada ya mwaka, benki ikaikubali hati kuwa dhamana. Leo anakuja afisa wa NEMA, mamlaka ya mazingira, kumwambia hapajengwi. Akitazama ng'ambo anaiona gati ya makontena ya Kipevu, iliyofunguliwa 2016 juu ya bahari iliyojazwa, na Kibarani, ambako mji wenyewe ulimwaga taka ukingoni mwa maji kwa miaka mingi. Waliojaza bahari ndio wanaomfunza yeye mazingira! Jibu la kisheria lipo, kwamba gati ni mradi wa umma wenye tathmini na leseni, ila mimi halinitoshi.

Wiki tano baada ya hukumu ya Dina, tarehe 25 Mei, Mahakama ya Juu ya Marekani ilielekea upande wa pili. Mume na mke wa jimbo la Idaho, waliozuiwa kujenga karibu na ziwa Priest, walishinda. Wengi wa majaji walisema sheria ya shirikisho ya maji safi inaigusa ardhi oevu pale tu inapoungana moja kwa moja, juu ya uso wa ardhi, na mto, ziwa au bahari. Kanuni hiyo inapendeza kwa wepesi wake. Lakini ilete Tudor uone: michu iliyokatiwa maji na tuta la barabara ingekosa ulinzi.

Hata hivyo, nikitoka kwenye mstari wa bamvu na kupanda juu, naanza kuwaelewa wale majaji. Kanuni zetu za mwaka 2009 zinaita ardhi oevu hata pale panapofurika kwa msimu, kukiwa na mimea na viumbe waliozoea hali hiyo. Kwa masika ya Mei, afisa mwenye bidii angeweza kuhesabu mashamba mengi ya Kisauni, na barabara zake pia. Hapo hakuna tangazo la 1932. Mtu alinunua ardhi halali, na jamii ndiyo inayotaka ibaki tupu ili maji ya mvua yapate pa kutua. Serikali itasema ibara ya 66 inairuhusu kudhibiti matumizi ya ardhi yoyote. Sawa, lakini kudhibiti hadi mtu asibaki na matumizi yoyote ni kuchukua, na anayechukua alipe. Sheria ya mazingira ya 1999 imeshatoa njia: mahakama inaweza kuweka sharti la hifadhi juu ya kiwanja cha mtu, sharti likasajiliwa, mwenyewe akadai fidia. Nashangaa njia hii inavyotajwa kwa nadra.

Kusajiliwa ndiko ninakosisitiza. Ardhi ya kilimo mara nyingi huandikwa hivyo kwenye masharti ya hati, na anayetaka kujenga anajua aombe kubadilishiwa matumizi. Mstari wa bamvu hauko kwenye hati, na anayelipia upekuzi wa rekodi za ofisi ya ardhi huletewa jina la mwenyewe na madeni, basi. Baada ya Dina, mtu wa kwanza ambaye mnunuzi wa mwisho wa kiwanja kama hicho anaweza kumdai ni aliyemuuzia. Kama huyo ni kampuni iliyokwisha kufungwa, sijaona mahakama ikieleza atamgeukia nani.