Nani kasema dharma si dini?

Ukisoma falsafa ya Kihindu hata kidogo tu, hukawii kukutana na neno dharma, na mtu wa kukusahihisha: "Dharma si dini." Wazungu ndio walioliharibu neno, atakwambia, na kila anayelifasiri "dini" amemeza makosa yao bila kutafuna. Nusu ya maneno hayo naikubali. Nusu ya pili ndiyo inayonikera, kwa sababu humfanya mjinga mtu asiye mjinga hata kidogo, yaani msemaji wa kawaida wa Kihindi.

Tuanze na ya haki. Mzizi wa neno katika Kisanskriti ni dhr, kushika, kutegemeza kitu kisianguke. Ukisafiri kwa barabara India ya kaskazini utaona vibao vimeandikwa "dharam kanta"; dharam, au dharm, ndivyo Kihindi cha leo kinavyoitamka dharma. Humo hamna hekalu. Ni mizani ya kupimia malori, na jina linamwambia dereva kwamba hapa hapunjwi. Mke wa ndoa huitwa kwa heshima dharmpatni. Kitabu cha sayansi cha shule kikitaja sifa za madini husema gundharm. Jaribu kuingiza "dini" humo uone.

Au chukua Gita, kitabu kitakatifu cha Wahindu. Shujaa Arjuna ametupa upinde wake, hataki vita. Mungu Krishna anamwambia apigane, maana hiyo ndiyo dharma yake yeye Kshatriya, mtu wa tabaka la wapiganaji. Sasa tazama waliosimama upande wa pili: binamu zake, babu yake Bhishma, mwalimu wake Drona. Miungu yao ni ileile. Mfasiri akiandika "pigania dini yako" amegeuza ugomvi wa ukoo mmoja kuwa vita vya dini. "Wajibu" linakaa vizuri zaidi, ingawa nalo linabana mabegani.

Kwa hiyo wasahihishaji wana hoja. Tatizo ni wanakoipeleka.

Mwaka 1976, katika Hali ya Hatari iliyotangazwa chini ya Waziri Mkuu Indira Gandhi, Marekebisho ya 42 yaliongeza katika utangulizi wa Katiba ya India kwamba nchi hiyo haifungamani na dini. Mitaani na magazetini, Kihindi kilikuwa na neno lake kwa jambo hilo: dharmnirpeksh, yaani isiyoegemea dharm. Matini ya Kihindi ya Katiba haikulichukua. Iliandika panthnirpeksh, isiyoegemea panth, na panth ni njia, dhehebu, kundi la wafuasi. Novemba 2015 Rajnath Singh, wakati huo Waziri wa Mambo ya Ndani, alisimama bungeni akasisitiza kwamba panthnirpeksh ndilo neno sahihi na dharmnirpeksh liachwe. Hoja inaeleweka: dola haiwezi kujitangaza kuwa haina habari na haki na wajibu. Dola isiyo na dharma kwa maana ya mizani ya malori ni dola ya wezi.

Lakini shuka mistari michache katika utangulizi huohuo. Raia wanaahidiwa uhuru wa mawazo, wa kujieleza, wa kuamini, wa dharm na wa ibada. Ni dharm hiyohiyo. Nenda ibara ya 15, inayokataza ubaguzi: sababu ya kwanza kutajwa ni dharm. Nenda ibara ya 25, uhuru wa kushika dini, kuifuata na kuieneza: dharm tena. Hakuna aliyepata kudai kwamba ibara ya 25 inawapa Wahindi uhuru wa kueneza uzito sahihi wa malori. Kila hakimu na kila mwanafunzi wa sheria anajua dharm ya hapo ni dini, Uislamu, Ukristo na Usikh zikiwemo. Neno likaonekana halifai kwa maana ya dini mahali pamoja tu, pale dola ilipotakiwa kusema haiegemei upande.

Hapo ndipo nasita, na nitakaa hapo kidogo. Ukikubali kwamba dharma ni kitu kikubwa kuliko dini, ni utaratibu wa ulimwengu mzima, na kwamba wengine wote wana panth tu, umekwisha panga viti. Mila moja imeketi juu kama sheria ya mbingu na ardhi, nyingine zimeketi chini kama vikundi. Dola itaapa kutoegemea vikundi, na ile ya juu isihesabiwe kundi. Sisemi kila anayependa panthnirpeksh ana nia hiyo, na wengi ni watu wa lugha tu. Ila neno likishatoka mdomoni halimuulizi aliyelisema alikuwa na nia gani.

Tena ule upana unaosifiwa haukuwa rehema kwa wote. Gita yenyewe, sura ya 3, inasema heri kufa katika dharma yako, kwani dharma ya mwingine ni ya kutisha. Kwa mtoto wa mfalme ni maneno ya ushujaa. Kwa aliyezaliwa kufagia vyoo ni mlango uliofungwa kwa nje. Ambedkar, aliyekuja kuongoza kamati iliyoandika rasimu ya Katiba, alishiriki kuichoma Manusmriti, kitabu cha kale cha sheria za Kihindu, kule Mahad tarehe 25 Desemba 1927 kwa sababu alijua vizuri kabisa kwamba dharma ya vitabu hivyo si dini tu.

Wapo wanaomrudia Ashoka, mfalme wa India ya kale, na Ashoka ni shahidi mzuri kwao. Maandishi yake ya Kandahar, ya karne ya 3 kabla ya Kristo, yaliyogunduliwa mwaka 1958, yanaieleza dhamma, yaani dharma kwa lugha ya maandishi yake, kwa Kigiriki kama eusebeia, uchaji: watu waache kuua wanyama, wawatii wazazi na wakubwa. Dhehebu alikuwa na neno lake mbali, pasanda, na katika Agizo la 12 la miambani anataka pasanda zote ziheshimiwe. Dhamma huku, madhehebu kule. Safi kabisa.

Ila pasanda hiyo leo, katika Kihindi, ni pakhand. Maana yake unafiki. Mwite jirani yako pakhandi uone kama atakushukuru kwa kumtambua kuwa mtu wa dhehebu. Wanaotaka dharm irudi kwenye maana yake ya kale hawaidai pakhand irudi kwao. Maneno yote mawili yalisafiri, wakaamua kulirudisha moja tu.

Sisi wa Kiswahili tusishangae sana. "Dini" yenyewe tumeipata kwa Waarabu, na Mwislamu anayesoma Fatiha husema "Maliki yaumi-ddin", Mwenye kumiliki siku ya malipo. Hakuna anayefasiri "siku ya dini". Hata "deni" letu linatoka katika mzizi huohuo. Na bado Katiba ya Tanzania inaposema nchi "isiyokuwa na dini", hajatokea wa kulalamika kwamba tumekataa malipo na hukumu. Neno lina maana mbili, na msikilizaji anajua ipi inatumika wapi. Bibi wa mji wa Lucknow, India, aliyeulizwa dharm yake na karani wa sensa akajibu "Musalman" naye alijua.

Novemba 2024 Mahakama ya Juu ya India ilitupa maombi ya kutaka tamko lile la 1976 liondolewe katika utangulizi. Kaulimbiu ya mahakama hiyo ni ya Kisanskriti: yato dharmas tato jayah, palipo na dharma ndipo penye ushindi. Majaji wamekaa chini ya dharma ya haki wakaiamuru dola isiegemee dharm ya mtu, na sijasikia kwamba yeyote mahakamani alihitaji mkalimani.