Umbo Bora la Povu na Povu la Kwenye Beseni

Mwaka 1887 mwanafizikia William Thomson, anayejulikana zaidi kama Lord Kelvin, aliuliza swali linaloonekana jepesi: nafasi ikigawanywa katika vyumba vyenye ujazo sawa, kama viputo vilivyobanana katika povu, ni umbo gani litakalotumia utando mdogo kuliko yote? Jibu lake, chumba chenye nyuso 14, sita za pande nne na nane za pande sita, lilikaa zaidi ya karne bila kupata mpinzani. Mwaka 1993 Denis Weaire na Robert Phelan wa Dublin, wakitumia kompyuta, walipata mpangilio unaochanganya vyumba vya nyuso 12 na vya nyuso 14, ambao eneo la utando wake ni pungufu kwa takriban asilimia 0.3.

Wanaouthamini ugunduzi huo wana hoja ya msingi. Mvutano wa uso, yaani nguvu inayovuta uso wa kimiminika ujikunje, hulisukuma povu kupunguza eneo la utando wake daima, na asiyejua kikomo cha upungufu huo hana kipimo cha kupimia povu lolote, ingawa hata leo hakuna aliyethibitisha kwamba mpangilio wa Weaire na Phelan ndio kikomo chenyewe.

Hata hivyo, povu la sabuni halijui jibu la Kelvin wala la waliomshinda. Mwaka 1946 mtaalamu wa mimea Edwin Matzke alichunguza kwa hadubini viputo 600 vya ujazo sawa vilivyokuwa katikati ya povu, na hakukuta hata kimoja chenye umbo la Kelvin. Sababu ni kwamba povu hutulia katika mpangilio wa kwanza unaolituliza, si ulio bora kuliko yote, kama maji ya mvua yanavyotuama katika kishimo cha kwanza mlimani, bila kufika bondeni. Linachokitii ni kanuni za Joseph Plateau, Mbelgiji aliyezichunguza akiwa kipofu: tando tatu hukutana kwa pembe za nyuzi 120, na kingo nne, yaani mistari ambako tando hizo hukutana, kwa takriban nyuzi 109.5. Kanuni hizo hutimia kwenye beseni lolote la kufulia, mradi povu liwe kavu kiasi, yaani lenye maji kidogo, na kwa maoni yangu zinaeleza mengi kuliko umbo bora.

Hata wasanifu wa jengo la kuogelea la Olimpiki ya Beijing ya 2008, waliouchukua mpangilio wa Weaire na Phelan, waliukata kimshazari ili utaratibu wake usionekane na kuta zifanane na povu la kawaida. Mpangilio huo ulipatikana maabara mwaka 2012, lakini ndani ya chombo ambacho kuta zake zilichongwa kuufuata.