Mashtaka ya Jinai Kufutwa Kabla ya Kusikizwa: Mahakama Kuu Iingilie Wapi?

Nchini Kenya, mshtakiwa anaweza kwenda Mahakama Kuu na kuomba mashtaka dhidi yake yafutiliwe mbali hata kabla ya shahidi wa kwanza kuapishwa mbele ya hakimu. Wapo wanaoliona ombi hilo kuwa kinga dhidi ya dola inayotumia jinai vibaya, na wapo wanaoliona kuwa mlango wa nyuma wa wenye uwezo wa kulipa mawakili. Naona kila upande una hoja, ila uzito wa hoja hizo hutegemea kasoro inayolalamikiwa ni ya aina gani.

Tuanze na Stanley Githunguri, ambaye katika miaka ya 1980 alishtakiwa kwa makosa ya fedha za kigeni yaliyodaiwa kutendeka takriban miaka 9 kabla, ilhali ofisi ya Mwanasheria Mkuu ilikuwa imeshaamua kutomshtaki na hapakuwa na ushahidi mpya. Mahakama Kuu iliizuia kesi hiyo. Haikuhitaji kuamua kama alitenda au hakutenda. Ilitosha kuona kwamba serikali haiwezi kumhakikishia mtu usalama, kisha ikamgeuka. Mwaka 2019, majaji watano walifuata njia hiyo hiyo katika kesi ya Naibu Jaji Mkuu Philomena Mwilu, walipobaini kuwa wapelelezi walichukua taarifa zake za benki kwa kutumia amri ya mahakama iliyohusu akaunti ya mwingine, jambo lililokiuka haki ya faragha.

Anayesema kwamba mshtakiwa asiye na hatia hapotezi chochote kwa kusubiri hukumu hajazingatia maisha ya mshtakiwa. Sheria ya kupambana na ufisadi inaagiza kwamba mtumishi wa umma anayeshtakiwa asimamishwe kazi kwa nusu mshahara tangu siku ya mashtaka hadi kesi itakapokwisha, na kesi hizo huchukua miaka. Aidha kuna madeni na migogoro ya mashamba inayopelekwa kituo cha polisi kwa makusudi, ili mdaiwa atishike na selo na kutia sahihi asichokikubali.

Hata hivyo, Katiba ya 2010, katika Kifungu cha 157, inampa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma uhuru wa kuamua bila kuelekezwa na yeyote, mradi azingatie maslahi ya umma na azuie matumizi mabaya ya sheria. Kifungu cha 193A cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai nacho kinasema kuwepo kwa kesi ya madai juu ya jambo lilelile si sababu ya kusimamisha ile ya jinai. Kuna pia tatizo la utendaji: ombi kama hili kwa kawaida huamuliwa kwa hati za kiapo, bila mashahidi kuhojiwa, kwa hiyo jaji hana namna nzuri ya kujua nani anasema kweli. Hakimu anayo, na ushahidi ukiwa hafifu anaweza kumwachilia mshtakiwa kwa kuwa hana kesi ya kujibu.

Kwa sababu hiyo naamini udhaifu wa ushahidi peke yake usiwe sababu ya kufuta mashtaka. Sababu iwe ubovu wa namna mashtaka yenyewe yalivyozaliwa. Lakini linalonitia wasiwasi zaidi ni maagizo ya muda, yaani yale ya kusimamisha kesi ya jinai wakati ombi linasubiri kuamuliwa. Mjane ambaye hati ya shamba lake ilighushiwa anaweza kukuta kesi imesimamishwa Mahakama Kuu, ombi likaahirishwa mara kwa mara, huku mzee wa kijiji aliyeshuhudia mauzo halisi akizeeka na afisa aliyechunguza sahihi akihamishwa. Mara nyingine mjane huyo hata hajajumuishwa katika ombi lenyewe, kwa kuwa wanaolalamikiwa humo ni polisi na mwendesha mashtaka. Agizo la namna hiyo lingepaswa kutolewa pamoja na tarehe ya karibu ya kusikizwa, na mlalamishi wa kesi ya jinai, kama mjane huyo, apewe nakala na nafasi ya kujibu kabla halijaongezwa muda.